Jina Ambalo Hakuna Aliyekufa Nalo

Watu wa Mpanda wananijua kwa mambo mawili: sola ninazofunga hazizimiki, na binti yangu ana jina ambalo hawajawahi kulisikia. La kwanza silielezi, maana kazi inajieleza yenyewe juu ya mabati ya watu, kuanzia hapa Misunkumilo mpaka vilima vya Mwese. La pili nimelieleza mara nyingi hadi nimechoka, na ninaliandika ili atakayeuliza tena nimpe asome. Kwa kuwa habari yenyewe ni ya jina, nitataja hilo moja tu. Wengine watabaki mama, mke na shangazi, kama ninavyowaita nyumbani.

Binti yangu anaitwa Liora.

Jina hilo nililipata chuoni, nilipokuwa nasomea stashahada ya ufundi umeme. Mwenzangu wa chumbani alikuwa kijana aliyepitia seminari akaiacha, akabakiwa na vitabu vya lugha za zamani na tabia ya kumwambia kila mtu maana ya jina lake. La kwangu lilimshinda kwa sababu ni la Kisukuma, ikabidi nimwambie mwenyewe: maana yake ni njaa. Nilizaliwa wazazi wangu wakiwa wameshuka na ng'ombe kutoka kaskazini muda mfupi tu, mvua zikagoma, na baba akanipa jina la kile alichokiona mbele yake, kama ilivyo desturi ya watu wetu. Mwenzangu alicheka mpaka akakaa kitandani. Kesho yake darasa zima lilikuwa na habari.

"Njaa ameamka?"

"Njaa yuko bafuni."

"Mwacheni Njaa ale kwanza, asije akatumaliza."

Nilicheka nao. Kisha kwenye mtihani wa mwisho niliwapita wote, na sioni aibu kulisema, kwa sababu walioniita hivyo walisomeshwa na baba zao na mimi nilijisomesha kwa kubeba zege.

Jioni moja umeme ulikatika bwenini, nikaunganisha taa kwenye betri ya pikipiki ili tuendelee kusoma. Mwenzangu akanitazama nikikaza nyaya, akaniambia, "Wewe ukipata binti, mwite Liora. Ni Kiebrania. 'Or' ni nuru, 'li' ni yangu. Nuru ni yangu." Nikamuuliza ni nani katika Biblia aliyeitwa hivyo. Akasema hayumo. Alisema ni jina la siku hizi, limetungwa na watu waliorudia lugha ya mababu zao na kutoka humo wakatengeneza majina mapya, kwa sababu hawakutaka kila mtoto abebe jina la bibi yake.

Hapo ndipo liliponishika. Maana nzuri zipo nyingi, hata Tumaini ni maana nzuri. Mimi nilitaka jina ambalo halijatoka kwenye mwaka wa shida wala kwenye kaburi la mtu. Nilitaka mtoto aingie duniani kama nyumba mpya ambayo haijalaliwa na mtu.

Nilirudi Mpanda kwa treni, begi moja, mita ya kupimia umeme na cheti ndani ya mfuko wa nailoni. Walioniaga nikiondoka na ndala walinipokea nikiwa fundi. Leo nina karakana yangu, nyumba ya matofali ya kuchoma niliyoichora mwenyewe, na katika ukoo wetu mzima hakuna mwingine mwenye diploma. Nikaoa binti wa Mpimbwe, kwa watu wa mpunga, Wakatoliki tangu enzi za mababu zao. Tulipopata mtoto wa kike nikasema Liora kabla hajafunikwa vizuri, na cheti cha kuzaliwa nikakifuatilia mapema kuliko wazazi wengi wa mji huu.

Mke wangu alilipenda. Kwao ndiko kulikokuwa na neno. Katekista alituambia kwa upole kwamba hakuna mtakatifu wa jina hilo, na wakwe zangu wasingelala bila mtakatifu, basi tukachagua mmoja kwa ajili ya ubatizo. Jina la mtakatifu huyo linakaa kanisani. Nyumbani halitumiki.

Mama yangu anaishi Kabungu, kwenye boma aliloachiwa na baba. Alikuja kumwona mjukuu akiwa na maziwa ya mgando na kuku wawili, akabaki kwetu kumsaidia mzazi. Akamshika, akamgeuza, akamtazama masikio na vidole, akauliza anaitwa nani. Nikamwambia. Akasema, "Liola," mara moja, kama mtu anayeonja chumvi ya mboga. Baada ya hapo sikumsikia akilisema tena. Mtoto akawa "mgeni". Mgeni ameamka, mgeni ameloa, mgeni anataka titi. Hata mke wangu, ambaye mtaa mzima ulishaanza kumwita Mama Liora, kwa mama alibaki "mke wetu".

Mtoto akaanza kulia.

Sijui niandike vipi kilio kile kwa mtu ambaye hajakipata. Kilianza kila siku alasiri, jua likiwa bado kali, na hakikujali titi, mgongo, wala wimbo. Alikunja miguu, akawa mwekundu, akalia mpaka sauti ikakwaruza. Kliniki walimpima wakasema uzito mzuri, hana homa, ni gesi tumboni. Nesi akatuonyesha namna ya kumlaza begani na kumpigapiga mgongo, akasema wengine wanakuwa hivyo, anapokua itaisha yenyewe. Nilimweleza mama kila kitu, hatua kwa hatua, hata nikamchorea utumbo kwenye mchanga.

"Gesi," mama akasema.

"Gesi, mama."

"Kama ya kupikia."

"Siyo ile."

"Haya, baba. Mimi sikusoma."

Wiki zikapita. Nyumba yetu ikawa ya watu watatu wanaopishana bila kusemezana, kila mmoja akimkabidhi mwenzake mtoto kama sufuria la moto. Mke wangu alianza kusinzia akiwa amesimama. Mimi, fundi ambaye wateja hunifuata kutoka wilaya nyingine, nilikwenda kufunga pampu ya sola shambani kwa mtu mmoja, nikageuza nyaya, chanya kwenye hasi, pampu ikakaa kimya mbele ya familia nzima iliyokuja na ndoo.

"Fundi," yule mzee mwenye shamba akasema, "leo umelala?"

Akina mama wenye ndoo wakacheka. Nikarekebisha, maji yakatoka, lakini njiani nikirudi ilibidi nisimamishe pikipiki na kukaa pembeni, kwa sababu macho yalikuwa yanafumba yenyewe.

Nilimkuta mama amekaa kwenye kigoda nyuma ya nyumba, mtoto mgongoni analia. Alisema bila kugeuka, "Huyu analilia jina."

Nilikuwa nalisubiri neno hilo tangu siku aliyofika. Kwetu mtoto mzima wa afya akilia bila sababu, wazee husema kuna marehemu anayetaka kuitwa kupitia kwake. Basi hukaa na mtoto na kuyataja majina ya waliokufa, moja baada ya jingine, na lile litakalomnyamazisha ndilo lake. Hufungwa ushanga mweupe mkononi, na tangu siku hiyo yeye ni yule marehemu: watoto wa marehemu humwita mama, humheshimu, na wanayoyakumbuka juu ya yule wanampa huyu ayabebe.

"Ana jina," nikasema.

"La taa."

"La nuru."

"La nani?"

Mama akasema alichokuwa amekuja nacho kutoka Kabungu. Mama yake alifia njiani walipokuwa wanashuka na ng'ombe. Walimzika pembeni mwa njia, mahali ambapo hakuna ndugu, wakaendelea kwa sababu ng'ombe walihitaji maji. Hakuna anayekwenda kufagia kaburi lile. Hata ukimpeleka leo hataliona. Katika wajukuu wote wa mama huko Kabungu hakuna aliyepewa jina la bibi yule. Kaka zangu waliwapa watoto wao majina ya wacheza mpira na ya watu wa kwenye redio. Mimi ni kitinda mimba.

"Mama yangu anaisha," akasema. "Nikifa mimi, hakuna mdomo wa kumtaja."

Nilimwambia kwamba ninamheshimu bibi yangu, lakini mtoto wangu hatabeba safari ya mtu aliyefia njiani. Mimi nimebeba njaa tangu nizaliwe, ninajua uzito wake.

"Kanisani mmempa jina la mzungu aliyekufa," mama akasema. "Hamjui hata kaburi lake. Jina la mama yangu niliyemjua ndilo mnaloona zito."

Mke wangu alikuwa mlangoni, nywele hazijachanwa. "Baba Liora," akaniambia, "waache wataje. Majina hayamchomi mtu. Mimi nataka anyamaze tu."

Nilikubali kwa uchovu. Imani haikuwamo, na mama alilijua hilo, wala hakulijali.

Kazi hiyo haifanywi na mama wa baba, hufanywa na shangazi, yaani dada wa baba yangu, ambaye ndiye mwenye nyumba kwa mujibu wa desturi. Shangazi yangu ni mwanamke mfupi mwenye sauti ya kuita ng'ombe. Alifika kwa bodaboda, akanawa, akanywa uji, akakaa kwenye mkeka chini ya kivuli cha tenki la maji. Mtoto alikuwa tayari ameshaanza. Shangazi akamweka mapajani, uso umemwelekea yeye, na ushanga mweupe akauweka juu ya goti.

"Wifi," mama akamwambia, "ungeanza na mama yangu."

"Tutaanza na wenye ng'ombe waliokutoa kwenu," shangazi akasema. "Mama yako ni mgeni, wageni wanafuata. Na hatuchagui. Wote wa nyumba hii watatajwa."

"Wote?"

"Wote, wifi. Hata wale usiowapenda."

Nilielewa, na mke wangu pia akaelewa, tukatazamana. Baba alikuwa na wake wawili. Mke mdogo alifariki nikiwa chuoni. Yeye na mama waliishi boma moja miaka yote, na sikumbuki siku waliyochota maji kwa pamoja. Hadi leo mama akipita ilipokuwa nyumba ya mwenzake huharakisha hatua.

Shangazi akaanza. Alimtaja babu wa baba, akangoja. Mtoto akalia. Akamtaja bibi, akangoja. Kila jina alilitaja akiongeza neno la kumtambulisha: huyu aliyekuwa na ng'ombe wengi, huyu aliyekuwa mwimbaji, huyu aliyependa ugomvi wa mipaka. Mtoto hakujali hata mmoja wao. Mama alikuwa amepiga magoti pembeni, mikono imeshikana, midomo ikitembea mbele ya midomo ya shangazi, akiyahesabu yaliyobaki kabla ya zamu ya mama yake. Mimi nilisimama nikiegemea tenki. Nakumbuka nilikuwa nimechoka kiasi kwamba sikuwa nataka jibu la aina yoyote, ila kimya.

Shangazi akafika kwa wake wa nyumba waliokwisha kufa. Akambadilisha mtoto mkao, akamweka begani, mkono ukampiga mgongoni taratibu, akamtaja mke mdogo wa baba.

Mtoto akacheua. Akatoa pumzi moja ndefu, akanyamaza.

Tulimsikia hata njiwa juu ya bati. Shangazi akalitaja jina lile mara ya pili, kwa sauti ya chini. Mtoto akafumba macho.

"Ameitika," shangazi akasema, akaanza kuufungua ushanga.

"Endelea," mama akasema.

"Wifi, ukishaitikiwa huendelei."

"Mama yangu hujamtaja."

"Sitamtaja. Nikitaja juu ya aliyeitika nitakuwa nawapiganisha."

Mama akasimama. "Hakuitika. Amecheua."

"Amecheua kwa sababu amesikia."

"Ni gesi," mama akasema. "Ukimweka begani inatoka. Nesi wa kliniki alisema. Muulize huyu, alinichorea."

Shangazi akamtazama, kisha akanitazama mimi, akacheka polepole, mabega yakitikisika mpaka mtoto akatikisika naye. "Wifi, umesoma lini?"

"Ni gesi," mama akarudia, na safari hii alikuwa ananiangalia mimi. "Si ndivyo, baba?"

Ndivyo ilivyokuwa. Mtu yeyote mwenye elimu yangu angeona: aliwekwa begani, akapigwa mgongo, hewa ikatoka. Nikasema ndiyo, ni gesi. Lilikuwa jibu sahihi na lilikuwa la kwangu tangu mwanzo, na sikupata raha yoyote kulitoa.

Shangazi alimkabidhi mke wangu mtoto. Aliuviringisha ushanga kwenye kitambaa, akasema yeye amemaliza kazi aliyoitiwa. Kama tunataka jina lililoitika, tumfuate. Kama hatutaki, tusimwambie baadaye kwamba mtoto anasumbua. Akakataa kula. Nilimtafutia bodaboda, na alipokuwa anapanda akaniambia sikioni, "Mama yako leo amekana ya kwetu kwa sababu ya wivu wa boma. Mwache apumzike."

Niliporudi, mama alikuwa bado amekaa kwenye mkeka, peke yake. Nikakaa pembeni yake. Ni jambo ambalo sikuwa nimelifanya tangu niondoke nyumbani. Nikija Kabungu huwa nakaa kwenye kiti.

"Yule hatarudi kwangu," akasema. "Nimwite mke mwenzangu? Nimpe maziwa nikimwita mke mwenzangu? Hapana."

"Hakuna atakayekulazimisha."

"Najua. Lakini ukilikataa jibu moja umeyakataa yote. Siwezi kusema hili ni gesi halafu la mama yangu liwe kweli."

Hilo alilifikia mwenyewe, bila mtu kumfundisha. Nilimtazama mikono, imekauka na kupasuka kama ngozi ya ngoma iliyoachwa juani, na nikafanya kitu ambacho siku ile asubuhi nisingekifanya. Nikamwambia, "Shangazi ameondoka. Mtoto yuko ndani. Mtaje wewe. Tuko wawili tu, na mimi sitasema neno."

Alipangusa mchanga kwenye mkeka.

"Nikimtaja asiitike?" akasema. "Sasa hivi najua tu kwamba hakutajwa. Hilo naweza kukaa nalo."

Nilinyoosha miguu kwenye mkeka na nadhani nilisinzia, maana nilishtuliwa na kilio. Kilikuwa kile kile, wala hakikupungua. Mke wangu akatoka naye, uso wake umevimba kwa usingizi uliokatizwa, akasimama katikati ya uwanja asijue ampe nani. Nilianza kunyanyuka. Mama akanishika bega kunirudisha chini, akainuka yeye, akamchukua mtoto, akamfunga kitenge mgongoni na kuanza kuzunguka tenki kama alivyofanya kila siku.

"Mama Liola, nenda kalale," akamwambia mke wangu.

Mke wangu akanitazama. Mimi nikatazama mchanga.

Mama akazunguka. Alipiga kitako cha mtoto taratibu, akasema bila haraka, "Liola. Liola, nyamaza. Liola." Mtoto akalia zaidi.

"Hataki hata hili lako," mama akaniambia alipofika upande wangu.

"Atalizoea," nikasema.

"Tutalizoea wote," akajibu, akaendelea kuzunguka.